Kamati ya mikopo: tunapimaje nani apewe hela ya kupulizia mikorosho bila kuangaliana usoni?

MwekaDaftari (Tandahimba)

Wakuu, habari za majukumu. Naomba ushauri wa utaratibu. Kikundi chetu cha kuweka na kukopa kina wanachama 25. Hisa moja ni 5,000, mwisho hisa tano kwa mkutano, mkopo hadi mara tatu ya hisa ulizonazo, riba asilimia 10 inalipwa mara moja na mkopo. Mikopo mikubwa hutoka Mei na Juni kwa palizi na kupuliza, marejesho ni baada ya minada. Sanduku lina 5,200,000. Maombi yako 11, jumla 8,300,000.

Kamati ni watu watano. Ombi linasomwa, mwenyekiti anasema neno, wengine tunaunga mkono. Anayejua kuongea anapata, mkimya anaambiwa asubiri. Nataka kanuni ya maandishi, ila wapo wanaosema kanuni itaua utu. Tuanzie wapi? Na hela isipotosha, tunamkata kila mtu kidogo, au vipi?

Mahuta28

Mkuu, tenganisha mambo mawili ambayo kamati nyingi huyachanganya: malango na alama. Lango ni ndiyo au hapana, halina mjadala. Mkopo wa zamani haujaisha? Hapiti. Kiasi kinazidi mara tatu ya hisa? Hapiti mpaka apunguze. Mdhamini wake tayari amemdhamini mwingine ambaye bado anadaiwa? Atafute mwingine. Malango yawe machache, manne yanatosha, maana kila lango linalozidi linazaa ombi la "mfikirieni huyu".

Waliopita malango ndio wanapewa alama. Chukueni mambo matano tu, kila moja sifuri, moja au mbili, jumla kumi. Mtindo huu si mgeni. Daktari wa usingizi Virginia Apgar aliutunga New York mwaka 1952 kwa ajili ya watoto wachanga: mapigo ya moyo, kupumua, ulegevu wa misuli, kushtuka akiguswa na rangi ya ngozi, kila kimoja 0 hadi 2. Kabla ya hapo mtoto aliangaliwa kwa jicho la jumla, na aliyehitaji msaada wa haraka angeweza kupitwa. Leo mkunga wa hospitali ya Ligula pale Mtwara au ya Sokoine pale Lindi anatumia mizani hiyo hiyo dakika ya kwanza na ya tano. Nguvu yake iko katika kumlazimisha mtu aangalie mambo yote matano, asivutwe na moja.

Kwenu ningeweka haya: marejesho ya mikopo iliyopita (kwa wakati 2, alichelewa akalipa 1, alifuatwa nyumbani 0), mahudhurio, kipato nje ya korosho kama ufuta, mbaazi au genge, uwezo wa mavuno kulinganisha na mkopo, na madeni ya nje, hasa kangomba, yaani kumuuzia mlanguzi korosho mapema nje ya mnada. Aliyekwishauza korosho zake zikiwa mauwa hana cha kupeleka ghalani Oktoba, hata awe mcha Mungu namna gani.

BibiHesabu_Lindi

Naongeza hapo kwenye "uwezo wa mavuno" kwa sababu ndipo watu hudanganyana, na mara nyingi mkopaji anajidanganya mwenyewe kwanza. Msikubali makisio ya mdomo. Alete uthibitisho wa malipo yaliyoingia benki kupitia AMCOS (chama cha ushirika cha wakulima) kwa misimu mitatu iliyopita, yaani hela iliyobaki baada ya makato. Kilo mara bei ya mnada si hela yake. Kisha chukueni msimu mbaya kuliko yote. Wastani hapana, msimu uliopita hapana.

Mfano: misimu mitatu ilimwingizia 2,600,000, 1,500,000 na 2,100,000. Mnatumia 1,500,000. Theluthi yake ni 500,000, na hiyo ndiyo jumla anayoweza kurudisha bila kula mbegu. Toa riba, mkopo wake ni kama 450,000, kwa sababu 450,000 na asilimia 10 ni 495,000. Aliomba 800,000? Fomu imeshajibu, hakuna aliyemkatalia.

Kwa nini msimu mbaya? Mkopo unarudi au haurudi kulingana na mwaka mbovu, na miaka mibovu ya korosho humpiga kila mtu kwa pamoja. Mnakumbuka 2018: wanunuzi walitoa bei ndogo, minada ikasimama, Serikali ikatangaza kununua kwa 3,300 kwa kilo, na malipo ya wakulima wengi yakachelewa hadi mwaka uliofuata. Mwaka wa namna hiyo mdhamini naye hana kitu. Kwa hiyo hata tarehe ya marejesho msiandike "30 Novemba". Andikeni "siku 14 baada ya malipo ya kwanza kuingia benki, na isipite 31 Januari".

Nahisi mkipitisha maombi yote 11 kwenye hesabu hii, ile 8,300,000 itashuka yenyewe na nusu ya ugomvi itaisha.

Kitangari_juu

Mizani nzuri mkiitumia vibaya inakuwa muhuri wa maneno ya mwenyekiti. Utaratibu wa kikao ni huu: kila mjumbe anaandika alama zake kwenye karatasi kabla mtu yeyote hajasema kitu. Karatasi zinakusanywa, katibu anasoma. Kwa kila jambo mnachukua namba ya katikati kati ya tano. Mkipata 0, 1, 1, 2, 2 basi ni 1. Namba ya katikati haiyumbishwi na mmoja mwenye chuki au mwenye shemeji.

Mkijadili, jadilini pale tu palipo na 0 na 2 kwa jambo moja. Hapo kuna mtu anajua kitu ambacho wenzake hawajui, na ndicho kinachotakiwa kusemwa. Anaanza mdogo kwa umri, mwenyekiti anamaliza. Mwenyekiti akianza, wanne waliobaki hawafikiri tena, wanamheshimu tu.

Na msipoteze jioni nzima kubishana kama marejesho yapewe uzito mara mbili ya mahudhurio. Mwanasaikolojia Paul Meehl alilinganisha tafiti zipatazo 20 mwaka 1954, akaona hesabu rahisi inalingana na wataalamu au inawazidi karibu kila mahali. Mwaka 1979 mwanasaikolojia mwenzake Robyn Dawes akaonyesha kwamba hata ukiyapa mambo yote uzito sawa, hupotezi sana. Kazi kubwa ni kuchagua mambo sahihi na kuyapima kwa namna ile ile kwa kila mtu.

MzeeWaNanyamba

Vijana, mnaongea vizuri, lakini kanuni haina macho. Mwanachama kafiwa na mume mwezi wa nne. Uthibitisho wa benki una jina la marehemu. Mizani yenu inampa sifuri. Huo ndio uamuzi bora?

Kitangari_juu

Shikamoo mzee. Hapo umegusa penyewe, na Meehl huyo huyo aliliona. Mfano wake: mtu huenda sinema kila wiki, hesabu inasema wiki hii pia ataenda, lakini wewe umejua kwamba jana kavunjika mguu. Hesabu iache. Jambo la mguu uliovunjika linapindua kanuni, na kwa huyo mama jina la benki ni mguu uliovunjika. Mikorosho ni ile ile, waliokuwa wanaiokotea ni wale wale, kwa hiyo historia ya shamba isomwe kama yake, mradi familia imekubaliana shamba linabaki mikononi mwake.

Shida ni kwamba ukifungua mlango huo bila komeo, kila ombi litakuja likichechemea. Komeo lake: jambo lionekane kwa macho au kwa karatasi, liwe halimo kwenye fomu, wajumbe wanne kati ya watano wakubali, na sababu iandikwe daftarini kwa sentensi moja. Lisizidi moja kwa kikao. Mwisho wa msimu hesabuni: mikopo ya kupindua kanuni ilirudi mingapi? Ikirudi vizuri kuliko ya kawaida, basi fomu yenu inakosa swali, liongezeni.

Na kama shida yenyewe ni msiba au ugonjwa, kazi hiyo ni ya mfuko wa jamii, ule wa kikundi wa kusaidiana. Kumpa mfiwa mkopo wenye riba ukidhani umemsaidia ni kumwongezea msiba.

MzeeWaNanyamba

Marahaba. Hilo la mfuko wa jamii nimelikubali. Hilo la moja kwa kikao sijalikubali, misiba haiji kwa foleni.

Mtaalam_Salfa

Mimi najibu lile swali la kukata kila mtu kidogo, naona limepitwa. Msikate kila mtu kwa asilimia sawa. Inaonekana haki, ila kwa kazi ya kupuliza ni kutupa hela.

Salfa ya unga inakinga, haiponyi. Kiwango cha kawaida ni robo kilo kwa mti mkubwa, kila baada ya siku 14, raundi nne hadi tano, kuanzia mauwa yanapochomoza. Mfuko wa kilo 25 unapita miti 100 kwa raundi moja. Shamba lililopandwa mita 12 kwa 12 lina miti kama 28 kwa eka, kwa hiyo eka tano ni miti 140, kilo 35 kwa raundi, kilo 175 kwa raundi tano. Mtu huyo ukimpa hela ya raundi mbili na nusu, mauwa yanayotoka baadaye yanakutana na ubwiriunga, ule ugonjwa wa ukungu mweupe, bila kinga. Amelipa nusu ya gharama, lakini hapati nusu ya mavuno. Hata pale salfa inapotoka kwa ruzuku, kibarua, mafuta na kukodi mashine vinataka taslimu, na hesabu ni ile ile: raundi zikatike, faida ikatike.

Kwa hiyo panga majina kwa alama, shuka nayo, kila mmoja apate kiasi chake kamili kwa mujibu wa ile theluthi, mpaka sanduku liishe. Wa mwisho ambaye zimebaki pungufu, mwambieni apunguze miti, asipunguze raundi. Bora miti 60 ipulizwe mpaka mwisho kuliko 140 iachwe njiani.

Pili, msitoe hela yote siku moja. Toeni ya palizi na raundi mbili za kwanza, halafu mjumbe apite shambani kabla ya kutoa sehemu ya pili. Ahesabu miti inayozaa tu, michanga asiihesabu. Swali la siku hiyo liwe: "Angekuja leo kwa mara ya kwanza, tungempa hii sehemu ya pili?" Watu wengi hujibu, "tumeshampa laki mbili, tumalizie." Hiyo laki mbili imeshatoka, haipaswi kuamua chochote. Kama mashine haijawashwa hata siku moja, funga daftari.

MwekaDaftari

Nashukuru sana wakuu. Maswali mawili. Alama ngapi ndiyo ya kukatia, ikiwa hatujawahi kupima? Na wakilingana?

BibiHesabu_Lindi

Kiwango cha kukatia msikitunge kichwani. Chukueni daftari la misimu miwili iliyopita, mikopo ambayo imeshafungwa. Katibu afunike safu ya marejesho kwa karatasi, mjumbe mwingine atoe alama kwa yale tu yaliyojulikana siku ya kutoa mkopo. Ndipo mfunue. Mtaona waliosumbua wamejazana chini ya namba gani, na hapo ndipo pa kukatia. Kufunika kuna maana kubwa: ukijua fulani hakulipa, mkono wako utampa sifuri hata pale alipostahili mbili, mizani itaonekana ya ajabu, na mwaka ujao itawaangusha.

Wakilingana, mwenye mkopo mdogo atangulie, kwa sababu hela ile ile inafikia watu wengi zaidi. Wakilingana na hapo, pigeni kura ya vikaratasi mbele ya mkutano. Bahati nasibu ya wazi haina mjomba.

Jambo jingine, kabla ya kufungua sanduku fanyeni zoezi la dakika kumi. Kila mjumbe aambiwe: leo ni Februari, hela haijarudi, andika kwa nini. Mwanasaikolojia Gary Klein ndiye aliyelisambaza zoezi hili. Usiseme "je, inaweza isirudi?", sema "haijarudi". Mtu akiulizwa kama kuna hatari hujibu kiungwana. Akiambiwa balaa limeshatokea, anataja sababu: malipo ya AMCOS yamechelewa, mvua imenyeshea korosho hazijaanikwa, hela imeishia kwenye jando na unyago za likizo ya Desemba. Hiyo ya mwisho ikitajwa na watatu kati ya watano, basi marejesho yakatwe mapema, asilimia kubwa kwenye malipo ya kwanza.

Mahuta28

Jiandaeni pia na ujanja. Mahudhurio yakipewa alama, watu watakuja kusaini na kuondoka, kwa hiyo yahesabiwe mwishoni mwa kikao. Marejesho yakipewa alama, wapo watakaokopa 20,000 Januari na kuirudisha wiki ijayo ili wapate mbili. Wekeni kwamba historia ni ya mkopo usiopungua nusu ya anaoomba sasa.

Kanuni ibadilishwe mara moja kwa mwaka, siku ya kuvunja sanduku na kugawana akiba, wakati hakuna jina mezani. Na iingie kwenye katiba ya kikundi, maana chini ya Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya 2018 ninyi ni daraja la nne na mnatakiwa kusajiliwa. Mgogoro ukitokea, katiba ndiyo itasomwa, haya tunayoandikiana hapa hayatasomwa.

MwekaDaftari

Nimeandika rasimu ya fomu. Swali la tano nimeweka: "Je, una deni lolote nje ya kikundi? Ndiyo/Hapana."

BibiHesabu_Lindi

Ligeuze, kaka. Hakuna atakayezungushia Ndiyo. Andika: "Taja watu au vikundi unaowadai na wanaokudai, na kila mmoja kiasi gani." Kisha mdhamini ajaze karatasi yake peke yake, bila kuiona ya mkopaji, na katibu alinganishe. Karatasi mbili zikitofautiana, alama ni sifuri mpaka waje wote wawili waeleze.