Elfu hamsini kwa kichwa kwa ajili ya "historia ya Dar": Posta tumepewa uongo, Kariakoo tumepelekwa kununua vitenge

Wakuu, heshima kwenu. Uzi ni mrefu, mwenye haraka apite. Mods, nawaomba msiuhamishie jukwaa la utalii na mbuga. Huku ndiko waliko watu wa Dar, na nataka wao wausome.

Kuna kampuni moja hapa mjini inatangaza mitandaoni matembezi ya miguu ya "historia na utamaduni wa Dar es Salaam". Picha kali, muziki wa zamani chini yake, na ahadi kwamba utaujua mji wako upya. Mtanzania elfu hamsini, mgeni analipa kwa dola. Shemeji yangu amekuja kutoka Mwanza na wanawe wawili, wako likizo, na mkubwa yuko kidato cha tatu anasoma Historia kwa moyo wote. Nikasema badala ya kuwapeleka Coco Beach wale mihogo turudi nyumbani, acha waone mji. Laki mbili nikaituma kwenye lipa namba.

Kuanza ni saa mbili asubuhi, Sanamu ya Askari. Kijana katokea saa tatu kasoro, fulana ya kampuni, kitambulisho shingoni kimegeuzwa nyuma muda wote. Mcheshi, hilo nampa. Tulikuwa kundi la watu kama kumi na tano: sisi, wazungu kadhaa, wanafunzi wa chuo, na mzee mmoja mwenye kofia ya kiua aliyekuja na mjukuu wake. Mkumbukeni huyo mzee.

Sasa sikilizeni sentensi yake ya kwanza. "Huyu mnayemuona ni askari wa Mjerumani aliyepigana vita vya Majimaji."

Jamani. Sanamu ile waliiweka Waingereza mwaka 1927, kuwakumbuka Waafrika waliopigana na kufa Vita Kuu ya Kwanza. Majimaji ilikwisha 1907. Na hili halihitaji shahada, limeandikwa palepale kwenye msingi wa sanamu, kwa Kiingereza, Kiarabu na KISWAHILI. Mtu kaweka mgongo wake kwenye maandishi, anatupa uongo uso kwa uso. Mpwa wangu kazunguka nyuma kusoma, karudi ananiangalia tu.

Na hasara si huo mwaka peke yake. Maandishi yale yanawataja pia wapagazi, wale waliobeba risasi na unga kwa vichwa kufuata majeshi, wakafa kwa makumi ya maelfu, wengi kwa maradhi na njaa kuliko kwa risasi. Kambi ya wapagazi wa Mwingereza ilikuwa wapi hapa Dar? Palepale ilipo Kariakoo, na jina limetoka huko, "Carrier Corps" kwa matamshi yetu. Yaani mji wenyewe umeshakuchorea njia: anzia kwa askari wa shaba, malizia kwenye kambi ya wale ambao hawakuchongwa sanamu. Mtu anayelipwa kusimulia angeishika hiyo akatembea nayo saa nzima. Hata kabla ya huyo askari mji huu ulikuwa na sanamu ya Hermann von Wissmann, gavana wa Mjerumani. Waingereza walipouteka 1916 wakaing'oa, ikaishia Hamburg, na wanafunzi wa huko wakaja kuiangusha 1968. Hadithi tamu kiasi hicho, sisi tumeambiwa tupige selfie.

Tukashuka baharini. Kanisa la Azania Front kalieleza vizuri, 1898 mpaka 1902, Wajerumani, vigae, mnara, madirisha. Hapo alikuwa na tarehe, majina, kila kitu. Tukafika Boma la Kale. "Hili nalo ni la Wajerumani." Hapana! Boma lile ni la miaka ya 1860, mawe ya matumbawe na mlango wa nakshi, enzi za Sultani Majid bin Said wa Zanzibar, aliyetaka kujijengea mji mpya jirani na kijiji cha Mzizima. Majid alifariki 1870, ndugu yake Barghash hakuushughulikia, mji ukalala. Wajerumani waliposhika hatamu waliyakuta majengo yamesimama, na makao makuu wakayahamishia hapa kutoka Bagamoyo 1891. Ukisema Boma ni la Mjerumani umeshamfuta Mzizima, umemfuta Majid, umefuta mafundi waliochoma chokaa. Mji unaanza na meli ya Mjerumani kutia nanga.

Mnara wa Saa, Mjerumani tena. Wakuu, mnara ule ni kumbukumbu ya Dar kupewa hadhi ya jiji, Desemba 1961! Mjerumani alishaondoka miaka arobaini na ushee nyuma. Nilipomwambia kwa upole pembeni, akacheka, akaniambia "bro, wageni wanapenda sana stori za Wajerumani."

Nimeirudia hiyo kauli kichwani mpaka leo. Kwa hiyo laki mbili yangu imelipia kile wageni wanachopenda.

Barabara ya Samora. Hii barabara peke yake ni kitabu. Wajerumani waliiita Unter den Akazien, Waingereza wakaiita Acacia Avenue, tukapata uhuru ikawa Independence Avenue, kisha Samora. Majina manne, tawala tatu, lami ileile. Yeye kasema: "Samora alikuwa rais wa Angola." Wa ANGOLA. Mmoja wa wanafunzi wa chuo akamwambia ni Msumbiji, akajibu "ndio, kule kule."

Kule kule wapi? FRELIMO, chama cha ukombozi wa Msumbiji alichokuja kukiongoza Samora, kilizaliwa hapahapa Dar, Juni 1962. Ofisi yao ilikuwa mtaa wa Nkrumah, kutoka Mnara wa Saa hata jasho halikutoki. Eduardo Mondlane, kiongozi wao wa kwanza, aliuawa katika jiji hili kwa bomu lililofichwa ndani ya kifurushi, Februari 3, 1969. Kamati ya Ukombozi ya OAU, umoja wa nchi huru za Afrika, ilikuwa na makao yake hapa. Vyama vya ukombozi vya ANC (Afrika Kusini), SWAPO (Namibia), MPLA (Angola), wote walikuwa na watu wao wakipita barabara hizi, wakinywa chai kwenye migahawa hii. Katika nusu ya pili ya karne iliyopita ni miji michache Afrika iliyokuwa na uzito huo. Tulichosimamishwa kuangalia ni duka la vinyago.

Uhindini ndiyo kabisa, dakika tano. Zile nyumba za ghorofa mbili zenye mwaka wa ujenzi umeandikwa juu kwenye paji la ukuta, hakuzitaja. Zinabomolewa kila kukicha kupisha minara ya vioo, na hilo nalo ni historia, lakini haya. Hakutaja utaifishaji wa nyumba wa 1971. Hakumtaja Sewa Haji Paroo, tajiri wa Bagamoyo aliyetoa fedha za hospitali, ambaye jina lake watu wanalitaja Muhimbili mpaka leo bila kumjua. Harufu ya viungo, kachori, twende.

Tukavuka barabara ya Bibi Titi Mohamed. Namnukuu: "Hii barabara ina foleni sana, shikeni watoto." Basi. Mwanamke aliyetoka kuimba kwenye ngoma akawachukua wanawake wa vikundi vya ngoma wa mji huu akawaingiza TANU, wakati wanaume wengi wanaogopa vibarua vyao serikalini. Akashtakiwa kwa uhaini baadaye, akafungwa, akaachiwa 1972. Kwetu sisi kawa foleni.

Mnazi Mmoja: "bustani ya kupumzikia." Ile ardhi iliachwa wazi makusudi. Mjerumani aliuchora mji kwa rangi za watu, Mwingereza akakaza, Uzunguni huku, Uhindini hapa, Uswahilini kule, na uwazi katikati ili wasigusane. Ukisimama Mnazi Mmoja umesimama juu ya mpaka. Nilisubiri aseme hilo kwa sababu kwa miguu ndipo unapolielewa vizuri, unaona majengo yanavyobadilika kila upande. Kwenye gari hulioni. Kasema tununue maji.

Halafu mtaa wa Lumumba.

Tulikuwa tunapita. Narudia, TUNAPITA, anaongoza mbele kanyoosha bendera yake ndogo kuelekea sokoni. Yule mzee wa kofia akasimama. Akamwita, "Kijana, umepita." Kijana karudi nusu. "Shikamoo mzee wangu, kuna nini?" Mzee: "Hapa ndipo TANU ilipozaliwa. Saba Saba, elfu moja mia tisa hamsini na nne. Hutuambii?" Unajua kajibu nini? "Mzee wangu, hilo ni mambo ya siasa, na tuna ratiba."

Mzee kamwangalia. "Ratiba ya nani?"

Akageukia sisi, akaanza kusimulia yeye, jua limeshawaka, amejiegemeza kwenye fimbo ya mwavuli. Nusu ya kundi ikabaki, mzungu mmoja mwenye Kiswahili cha kuungaunga akawa anawatafsiria wenzake. Akatueleza mtaa ulipoitwa New Street. Kwamba kabla ya TANU palikuwa na nyumba ya African Association, chama cha 1929, iliyojengwa na wanachama wenyewe kwa kujitolea. Akamtaja Kleist Sykes, katibu wa mwanzo, ambaye baba yake aliletwa na Wajerumani kutoka Msumbiji kama askari, na yeye mwenyewe akapigana upande wa Mjerumani vita ya kwanza. Wanawe Abdulwahid na Ally wamo kwenye habari ya TANU tangu mwanzo. Mnaona? Tumerudi kwa askari. Mzee kaunganisha bila kulipwa kile ambacho mwenye fulana alishindwa saa tatu nzima.

Akatupa na starehe zake. Al-Watan na Egyptian, vilabu viwili vya taarabu na ushindani wao. Western Jazz, Dar es Salaam Jazz. Nani alikuwa anacheza vizuri, nani alikuwa anavaa vizuri, hayo mengine siyaandiki hapa maana wajukuu zao bado wapo na wanasoma. Mpwa wangu kaandika kurasa tatu kwenye simu. Huo "utamaduni" uliotangazwa, nimeupata kutoka kwa mteja mwenzangu.

Kariakoo sasa. Soko lile ni la Beda Amuli, mmoja wa wasanifu majengo wa mwanzo Waafrika katika nchi hii, jengo la miaka ya 1970 lenye paa la miavuli ya zege, likaungua Julai 2021. Ningeridhika na hiyo sentensi moja. Tumepelekwa moja kwa moja duka la vitenge, viti vimeshapangwa, soda za baridi zipo, na mwenye duka anamwita kijana wetu "mdogo wangu." Zaidi ya nusu saa! Bei ya kitenge kile nje ya mlango ni karibu nusu. Waliosema hawanunui wakaambiwa wasubiri kwenye ngazi. Mzee na mjukuu wake wakaaga hapo, sikuwalaumu.

Nimeomba hela yangu. Kwanza nikajibiwa nitapigiwa. Kisha nikaambiwa "huduma ilitolewa kikamilifu." Sasa hivi ni tiki mbili za bluu na kimya.

NYONGEZA, maana naona mshaanza.

Mnaosema "Mtanzania gani analipa elfu hamsini kutembea Posta": mimi. Na ningelipa tena kwa yule mzee, hata mara mbili yake. Tatizo siyo bei.

Mnaosema kijana anatafuta riziki, nimwache. Fundi akikuwekea bomba linalovuja unamwacha? Hata hivyo hasira zangu nyingi haziko kwake. Ziko kwa waliompa karatasi (alikuwa anasomea kwenye simu, nimeiona) ambayo Mjerumani ana tarehe na jina, Mwafrika ana "soko lenye pilikapilika." Mtu kakaa ofisini kaiandika hiyo karatasi akijua anafanya nini.

Aliyesema nitaje kampuni: sitaji, nisije nikaambiwa nina ugomvi wa biashara. Na wawili humu wameshaniandikia pembeni kwamba wao walipita na kampuni tofauti kabisa na duka la vitenge ni lilelile.

Aliyeuliza kama alikuwa na leseni: ndilo ninalolifuatilia. Sheria ya Utalii ya 2008 inamtaka muongoza watalii awe na leseni, na kile kitambulisho hakikugeuka mbele hata mara moja. Niliomba namba yake kwa meseji, hawajajibu.

Mkuu uliyesema "Wabongo hatupendi historia ndiyo maana wanawauzia wazungu," soma tena pale Lumumba. Waliobaki juani kumsikiliza mzee walikuwa Wabongo, na wanafunzi wa chuo ndio walimzuia asiondoke. Kama kuna mtu anamfahamu (Kariakoo, kofia ya kiua, mwavuli mweusi), naomba aje pembeni, si kwa kumwanika hapa. Shemeji anaondoka wiki ijayo na mpwa wangu ana maswali.

Na anayejua dirisha gani hasa linapokea malalamiko ya waongoza watalii, aniambie. Risiti ya muamala ninayo.