PinkPantheress alitokaje chumbani mpaka chati za Marekani?

biti_za_geto: Wakuu habari, mi natengeneza muziki wa elektroniki kwa laptop hapa geto, nina nyimbo kama kumi zimelala tu. Huyu dada PinkPantheress, mwimbaji wa Uingereza, alianza bila lebo kweli au kuna mtu alimshika mkono?

besi_nzito: Mkuu alikuwa mwanachuo London, anarekodi chumbani kwa GarageBand, ile programu ya Apple ya kutengeneza muziki, halafu kuanzia mwisho wa 2020 akawa anarusha vipande TikTok, sekunde chache tu, hata sura haonyeshi vizuri, watu wakishika wanadai wimbo mzima ndo anaumalizia. Lebo ya Parlophone wamekuja 2021 moto ushawaka. 2022 akachukua Sound of, tuzo ya BBC ya wasanii chipukizi, na 2023 wimbo wake na rapa Ice Spice ukafika namba 3 Billboard, chati ya Marekani.

chai_rangi: na mama yake ni Mkenya jamani msisahau 😂

fundi_mikisi: Mi naona siri ni ufupi. Miksitepu yake ya 2021 ina nyimbo 10 na haifiki dakika 20, hakuna intro ndefu, sauti inaingia hapohapo juu ya ngoma za zamani za garage na drum and bass, zile biti za kasi za klabu za Uingereza. Nyie mnaweka dakika nzima ya upepo na ndege ndo biti ianze, nani atasubiri na bando lenyewe la kupima??

biti_za_geto: Duh hiyo ya ndege umenigusa, wangu una mvua kabisa. Naenda kuikata saa hii