Saksafoni kuukuu ya baritoni inauzwa Kongwa: ninunue au niache?

Alto wa Kizota

Wakuu, habari za jioni. Naomba msaada wa wenye uzoefu wa vyombo vya kupuliza, hasa saksafoni kubwa.

Mimi napiga saksafoni ya alto kwenye kundi letu la matarumbeta hapa Dodoma. Jumapili tuko kanisani, Jumamosi tuko juu ya pikapu tunasindikiza harusi, katikati ya wiki ikitokea misiba tunaitwa. Tuna trampeti, tromboni, alto na ngoma. Besi hatuna. Ndugu aliyekuwa anapuliza tuba amehamishiwa kikazi Mtwara, na tuba ilikuwa mali yake. Tangu aondoke, nyimbo za kitabu zinaelea tu. Sauti ya kwanza inasikika, ya pili na ya tatu zipo, ya nne anajikaza nayo mtu wa tromboni, na yeye tunamhitaji kwingine.

Sasa kuna mzee mmoja Kongwa, alipiga bendi enzi za ujana wake, ana saksafoni ya baritoni imekaa ndani muda mrefu. Kwenye ule mdomo mpana imechongwa jina Weltklang, na kwenye mwili kuna mhuri wa Ujerumani Mashariki. Anataka milioni tatu na laki mbili. Sanduku lipo ila limeoza kona moja. Mauthipisi, kile kipande cha kuweka mdomoni, ipo. Laka, ile rangi ya kung'arisha, imebanduka pale mikono inaposhika, na kuna mbonyeo kwenye mkunjo wa chini.

Nimeipuliza. Noti za katikati zilinisisimua mwili mzima, sijawahi kusikia chombo kinatetemesha kifua namna ile. Lakini nikishuka chini ya D inakata, mara iruke oktava, mara igugumie. Mzee anasema ni mimi tu, natoka kwenye alto, pumzi yangu haijazoea bomba kubwa. Simbishii, ila hela ni ya kundi, tumeichanga kutokana na harusi. Siwezi kuirudisha kwa maneno.

Naomba kujua: hili jina lina thamani? Kukata huko chini ni pumzi yangu au ni chombo? Na noti za besi za kitabu nitazisomaje kwenye saksafoni ya E flati?

Nkuhungu Mjini

Mkuu achana na vitu vya makumbusho. Ongeza hela uagize mpya ya Kichina, inakuja na sanduku, mkanda na kitambaa. Chombo cha Ujerumani Mashariki kikiharibika springi moja utaitoa wapi Dodoma hii?

Fundi wa Veyula

Kijana, nimepuliza kwenye bendi za gwaride mpaka nikastaafu, na sasa natengeneza vyombo vya watu hapa nyumbani. Nimesoma ulichoandika mara mbili kwa sababu kuna kitu umekisema bila kujua uzito wake. Nitakifikia.

Kwanza jina. Weltklang ni saksafoni za kiwandani zilizotoka eneo la Markneukirchen, kule ambako Wajerumani wametengeneza vyombo vya muziki kwa karne nyingi. Nchi yenyewe iliyopigwa mhuri hapo ilikoma 1990, kwa hiyo hicho chombo hakiwezi kuwa na umri mdogo kuliko huo. Haina heshima ya Selmer ya Paris wala ya Conn ya Marekani, na hiyo ni bahati yako, kwa sababu hulipii jina. Shaba yake ni nene na sauti yake ni nzito. Kwa kazi ya kupuliza nje juani kwenye msafara wa harusi, hicho ndicho unachokitaka.

Huyu bwana wa Nkuhungu simpuuzi, swali lake la springi ni la haki. Ila springi za saksafoni ni sindano za chuma tu, hazijui kama chombo ni cha Berlin au cha Shanghai. Hata pedi, zile za ngozi za kuziba matundu, hazinunuliwi kwa jina la kiwanda, unapima kikombe cha kifuniko kwa milimita unaagiza. Baritoni ya Yamaha mpya ni zaidi ya milioni kumi. Za Kichina za bei ya chini nimezifungua: baadhi zina mikono ya vitufe laini, ukiibana kidogo inapinda, na mwezi ujao unaibana tena. Mkononi mwa mtu anayepanda pikapu kila Jumamosi, hapana.

Sasa hicho ulichosema. Chombo kinachokata chini ya D, karibu siku zote tatizo haliko chini. Liko juu. Hewa inavujia kwenye tundu dogo mahali fulani juu, na noti za chini ndizo zinazolipa, kwa sababu zinahitaji bomba zima liwe limefungwa. Mshukiwa wa kwanza ni tundu la G shapu. Kifuniko chake hubanwa na mkono wa chuma kila unaposhusha vidole vya mkono wa kulia, na kati yao kuna kipande kidogo cha koki, ganda laini kama la kizibo cha chupa. Hicho kipande kikikauka kikadondoka, G shapu inabaki wazi kwa upana wa unywele, na D inakuwa mwisho wa safari.

Rudi Kongwa ufanye hivi. Puliza D ya chini, ukiwa umeishikilia bonyeza kitufe cha G shapu. Sauti isibadilike hata kidogo. Ikibadilika, umempata mwizi. Kisha mwombe mtu akibane kile kifuniko kwa kidole wakati wewe unashuka mpaka B flati. Ikitoka safi, pumzi yako haina kosa.

Halafu nenda Majengo kwenye maduka ya umeme, nunua ule utepe wa taa za LED, uingize ndani ya bomba usiku, taa za chumba zimezimwa. Funga vifuniko kimoja kimoja kwa nguvu ya kawaida ya kidole. Palipo na mwanga, hewa inapita. Pedi za ngozi zilizokaa kwenye ukame wetu huu, tena Kongwa, zitakuwa zimekuwa ngumu, usishangae ukiona mwanga sehemu nyingi. Hilo halinitishi. Pedi hubadilishwa. Ni ishirini na kitu, zile za chini zinapita milimita 50, na zinashikwa kwa lakiri inayeyushwa na moto.

Kinachonitisha ni mwili. Toa shingo, uchungulie bomba refu kwa ubavu kama fundi seremala anavyoangalia ubao. Baritoni ikianguka hupinda karibu na ule mzingo wa juu, pale bomba linapojikunja, na bomba lililopinda linazibana fimbo za vitufe, utabadilisha pedi mpaka uchoke. Angalia pale nguzo na vishikio vilivyolehemiwa: kama kuna alama ya kuchomelewa ovyo kwa risasi nyingi ya kulehemu, uliza kilichotokea. Kagua shingo kwa chini, kama ina uvimbe au mkunjo imevutwa chini na mtu aliyekuwa anaegemea. Na uangalie madoa ya waridi kwenye shaba, hasa kwenye shingo na mzingo wa juu ambako mate hutulia. Hapo zinki imeliwa ikabaki shaba nyekundu tupu, na ukikuta doa lenye kitone cheusi katikati, ukuta unaelekea kutoboka.

Mbonyeo wa mkunjo wa chini usikunyime usingizi kama haujafika kwenye mdomo wa tundu. Laka iliyobanduka ndiyo kabisa, hiyo ni afadhali. Chombo kuukuu kinachong'aa kama kipya nakiogopa, maana kuna mtu amekisugua kwa mashine akapunguza shaba kisha akakipaka upya. Tazama maandishi ya kuchongwa: yakiwa makali ukipitisha kucha, shaba ipo.

Bei: usimpunguzie mzee kwa kukidharau chombo chake. Mwonyeshe mwanga wa taa. Gharama ya pedi zote na kazi ni sehemu ya bei, hiyo hata yeye aliyepiga bendi anaijua.

Dada wa Shangani

Naandika kutoka Unguja. Mimi napuliza baritoni, kwa hiyo nimefurahi mno kuona mtu wa Dodoma anaitafuta! Bendi zetu za dansi zimezoea alto na tenori, baritoni imekuwa yatima, na mimi naona ndiyo roho ya safu nzima. Harry Carney aliingia bendi ya jazi ya Duke Ellington kule Marekani 1927 akabaki na baritoni yake mpaka Ellington alipofariki 1974. Sikiliza rekodi zozote za bendi ile, utamsikia chini anaibeba nyumba. Mpiga baritoni mwingine, Gerry Mulligan, alitumia baritoni ya Conn 12M, na yeye aliweza kuipuliza kwa upole hadi ukasahau ukubwa wake.

Huku kwetu vyombo vya Ujerumani Mashariki si ajabu. Zanzibar iliitambua nchi ile 1964, ndiyo hao waliotujengea maghorofa ya Michenzani.

Kuhusu kusoma: hiyo ni raha ya E flati. Chukua noti za ufunguo wa besi kama zilivyo, zisome kana kwamba ni ufunguo wa soli, kisha ongeza shapu tatu, au ondoa flati tatu. Wimbo wa B flati wenye flati mbili unakuwa G yenye shapu moja. Wimbo wa E flati unakuwa C, huna alama hata moja. Na sauti inatoka pale pale palipoandikwa, oktava ile ile ya besi. Angalia tu shapu na flati zinazotokea katikati ya wimbo, hizo zinahitaji kufikiriwa. Mnaotumia tonika solfa ndiyo hamna shida kabisa, unahamisha do basi.

Hiyo yako bila shaka inaishia B flati, kwa sikio ni D flati ya chini ya mistari ya besi. Watu watakuambia baritoni bila A ya chini haifai. Wapuuze. Besi wa kwaya ni wachache wanaoshuka hata E.

Kitu kingine: mauthipisi. Vyombo vya zamani vingi vinataka yenye chumba kipana ndani. Ukiweka ya kisasa nyembamba, noti za juu zinapanda na za chini zinashuka, utahangaika kutyuni wakati kosa si lako. Kama mzee ana ile ya asili usiiache Kongwa hata kama ina meno ya watu wengine. Na kwa ukame wenu tafuta ridi, zile ndimi za kwenye mauthipisi, za plastiki, za mwanzi zitajikunja kabla hata ya mstari wa kwanza.

Mkanda wa shingoni pia usiuguse. Ni kilo tano na zaidi hizo. Tafuta ule wa mabega yote mawili.

Alto wa Kizota

Shikamoo mzee, na asante sana dada. Nimerudi Kongwa na utepe wa taa, betri, na kijana wetu wa tromboni.

Mzee wa Kongwa alipoona tunazima taa alicheka, kisha akakaa karibu akawa anatuelekeza mwenyewe pa kuangalia. G shapu: nilipoibonyeza, D ilitikisika hapo hapo. Kijana wa tromboni akaibana kwa kidole, nikashuka. C ikatoka, B ikatoka, B flati ikatoka kwa kuguna kidogo lakini ilitoka, na kikombe cha chai juu ya meza kikaanza kulia. Mzee alinyamaza kimya, halafu akasema, "Ndivyo ilivyokuwa inalia."

Bomba limenyooka. Shingo haina uvimbe. Mwanga ulionekana pedi nyingi za chini na mbili za juu. Kwenye mzingo wa juu kuna madoa mawili ya waridi, bila kitone cheusi. Maandishi ni makali. Kishikio kimoja cha kukinga vitufe vya chini kimewahi kulehemiwa upya, amesema ilikuwa safarini kwa lori.

Tumekubaliana milioni mbili na laki nne, na mauthipisi yake. Kundi limeridhia. Nimelipa nusu, nyingine nikiichukua Jumamosi. Mzee wa Veyula, ukiipokea itachukua muda gani, na niibebe vipi? Tunakuja na Noah ya abiria, na sanduku ndiyo hilo lililooza.

Fundi wa Veyula

Marahaba kijana. Umenunua vizuri, na huyo mzee ni mtu mwema, muda wote wa kuikagua hakukuficha kitu.

Madoa mawili bila kitone yanakuvumilia miaka, ila kila ukimaliza kupuliza geuza chombo umwage mate ya mzingo wa juu, usiyaache yakalala. Hicho ndicho kinachokula shaba.

Kubeba: toa mauthipisi na shingo, zifunge kwenye kitenge peke yake. Sokota taulo uliingize kwenye mdomo mpana hadi libane. Kata vipande vya koki au kadibodi laini, uvichomeke chini ya vifuniko vikubwa vinavyobaki wazi visipigepige njiani. Vitufe vya pembeni viangalie juu, kamwe chombo kisilalie upande wao. Godoro la mtoto chini yake ndani ya sanduku, na sanduku lifungwe kamba, usiamini hizo bawaba. Asikalie mtu na lisipandishwe kwenye keria.

G shapu nitakuwekea koki siku hiyo hiyo ukiniletea, utaipuliza ibada ya Jumapili kwa noti za katikati na C. Pedi zote tutazipima pamoja, uandike milimita kwa mkono wako, ili siku nikiwa sipo ujue cha kuagiza. Kabla ya hapo usitie mafuta popote. Vumbi la miaka yote limo kwenye fimbo, likikutana na mafuta linasaga chuma. Kwanza tuioshe.

Njoo asubuhi, kabla upepo haujaanza.