Kwa nini wazo la kunawa mikono lilikataliwa mwanzoni?

Swali
Ndugu wanajamvi, mwaka 1847 Ignaz Semmelweis, daktari wa hospitali kuu ya Vienna, aliamuru wanafunzi waliotoka kupasua maiti wanawe kwa maji ya chokaa yenye klorini kabla ya kuwapima wajawazito. Vifo vya homa ya uzazi, maradhi yanayowapata wanawake baada ya kujifungua, katika wodi yake, vilivyokuwa asilimia 18 mwezi Aprili, vilishuka hadi takribani asilimia 2 mwezi Juni. Ilikuwaje basi mwaka 1849 mkataba wake usiongezwe?

Jibu la 1
Takwimu hazikutosha, kwa kuwa hakuweza kueleza ni kitu gani hasa kilichobebwa mikononi. Alisema ni chembechembe za maiti, ilhali madaktari wengi wa zama zile waliamini kwamba maradhi huletwa na hewa chafu. Joseph Lister, daktari mpasuaji Mwingereza, alipoandika mwaka 1867 juu ya kusafisha vidonda kwa asidi ya kaboliki, dawa ya kuua vijidudu, tayari alikuwa na kazi za Louis Pasteur, mwanasayansi Mfaransa aliyeonyesha kwamba vijidudu ndivyo huozesha vitu, za kuegemea. Semmelweis alikuwa amekwisha kufariki miaka miwili nyuma.

Jibu la 2
Mimi ni mkunga, na naona mwenzangu ameisahau fahari. Hospitali ile ilikuwa na wodi ya madaktari na wodi ya wakunga, ambao hawakupasua maiti, na wanawake walisihi walazwe kwa wakunga. Kukubali kunawa kulikuwa kukiri kwamba mikono ya daktari msomi ndiyo iliyoua. Naye mwenyewe hakuwa mpole: kitabu alikitoa mwaka 1861, kisha akawaandikia wapinzani wake barua za wazi akiwaita wauaji.

Jibu la 3
Fahari haikuwa ya madaktari pekee, dada. Mwaka 1795, huko Aberdeen, Uskoti, daktari Alexander Gordon aliandika kwamba homa hiyo hubebwa na wanaozalisha, akajitaja yeye mwenyewe na kuwaorodhesha wakunga kwa majina. Mji ulimchukia hata akaondoka. Kwa hiyo Semmelweis hakuwa wa kwanza kuwaza hivyo, ila ndiye aliyelipima wazo hilo kwa hesabu za kila mwezi.

Jibu la 2
Mimi yule mkunga tena. Habari za Gordon sikuzijua, nashukuru. Kwetu siku hizi hakuna anayebisha juu ya kunawa. Tunachogombania zamu ya usiku, maji ya bomba yakikatika, ni nani atakayekwenda kujaza ndoo.