Tupeane uzoefu: Ulifanyaje gemu lako lifunguke kwa mbofyo mmoja?

saa_moja_tu

Wadau, salaam.

Muda wangu wa kucheza ni saa moja kwa siku, mtoto akishalala. Juzi nilikaa nikahesabu hatua ninazopita kabla gemu halijafunguka. Nawasha kompyuta, nafungua Steam (programu ya kununulia na kufungulia magemu), naisubiri ijisasishe, naingia maktaba, natafuta gemu, nabofya, halafu gemu lenyewe linaanza kunionyesha nembo za walioliunda, moja baada ya nyingine. Nikaona hapana. Nina wiki 2 sasa natengeneza njia za mkato (shortcut), na nimejifunza mengi ambayo sikuyajua miaka yote niliyokaa mbele ya kompyuta. Nitoe yangu, nanyi mtoe yenu, hasa pale mlipokosea, maana hapo ndipo wengine tunapopona.

Kwenye Steam kazi ni nyepesi. Bofya kulia jina la gemu, nenda Manage, chagua Add desktop shortcut. Mimi nikataka kujua kilichomo ndani ya ile ikoni. Nilidhani nitakuta njia ya kuelekea kwenye faili la gemu, kumbe ni anwani: steam://rungameid/ halafu namba. Kila gemu lina namba yake. Dota 2 ni 570, Team Fortress 2 ni 440, Counter-Strike 2 ni 730. Ukishaijua namba, huhitaji hata kufungua maktaba: bofya kulia kwenye desktopu, New, Shortcut, andika hiyo anwani, umemaliza. Kama Steam imefungwa, itajiwasha yenyewe kwanza kisha gemu lifuate.

Zile nembo nazo zina dawa kwa baadhi ya magemu. Kwa yale ya injini ya Source (programu ya msingi ambayo magemu kadhaa yamejengwa juu yake), ingia Properties za gemu, sehemu ya Launch Options, andika -novid. Video ya mwanzo inarukwa. Siku ya kwanza kuona menyu imekuja moja kwa moja nilimwita mke wangu aje aone.

Nisimdanganye mtu lakini: njia ya mkato inapunguza hatua, haipunguzi muda wa gemu kupakia. Huo unategemea diski. Kama gemu lako liko kwenye diski ya kuzunguka na linachukua dakika 2 kupakia ramani, ikoni nzuri haitasaidia kitu, lihamishie kwenye SSD, diski isiyozunguka.

Karibuni.

kipanya_kimya

Mkuu, mimi naleta kosa langu, na lilinigharimu siku 2.

Nilikuwa naingia kwenye folda ya gemu kila siku kutafuta faili la .exe, lile linaloliwasha gemu. Nikasema nirahisishe: nikalinakili lile faili, nikalibandika kwenye desktopu. Nikabofya. Ujumbe ukaja kwamba kuna faili la .dll (faili la msaada ambalo gemu linalitegemea) halionekani. Nikaamini gemu limeharibika. Nikaliondoa, nikalipakua upya, gigabaiti zaidi ya 50. Nikanakili tena .exe, ujumbe uleule. Nikalipakua mara ya tatu.

Rafiki yangu alipokuja alitazama skrini akaniambia: "Umeng'oa mlango wa nyumba ukausimamisha barabarani, sasa unashangaa ukiufungua huoni sebule." Nilielewa palepale. Faili la .exe linatazama pembeni yake kutafuta mafaili mengine, na pembeni yake kwenye desktopu hakuna kitu. Njia ya mkato ni kibao tu kinachoonyesha nyumba iko wapi. Ndiyo maana ukiifuta, gemu linabaki salama, na ukimtumia mtu ikoni hiyo kwa barua pepe, hujamtumia gemu.

Njia sahihi: bofya kulia .exe, Send to, halafu Desktop (create shortcut). Kwenye Windows 11 utaanza na Show more options. Au shikilia Alt huku unaiburuta .exe hadi kwenye desktopu. Itatengeneza njia ya mkato bila kuhamisha chochote.

Na kuna sehemu moja wengi hawaiangalii. Bofya kulia ikoni, Properties, utaona Target na chini yake Start in. Ukiunda kwa kuburuta, Start in inajazwa yenyewe. Ukiandika mwenyewe kwa mkono wakati mwingine inabaki tupu, na magemu ya zamani hasa yanaanguka hapo, kwa sababu hayajui yasimame kwenye folda gani ili yaone mafaili yao. Weka humo folda ya gemu.

dirisha_la_pili

Mimi ni mvivu wa ikoni, desktopu yangu haina hata moja. Nabandika gemu kwenye upau wa chini, la kwanza kushoto. Kisha kitufe cha Windows na 1. La pili, Windows na 2. Tangu Windows 7 sijatumia njia nyingine.

binti_wa_mzee

Nimesoma uzi huu nikaona nisikae kimya, ingawa mimi si mchezaji.

Baba yangu alipata kiharusi. Mkono wa kulia haufanyi kazi, wa kushoto unachoka upesi. Kabla ya hapo alikuwa akicheza karata kwenye kompyuta kila jioni, Solitaire ile ya Windows. Baada ya kurudi kutoka hospitali hakuigusa tena. Nilidhani ameipoteza hamu. Siku moja nikamkuta anajaribu kukipeleka kipanya kwenye menyu, kinateleza, anarudia, kinateleza. Aliponiona akakiachia akatazama pembeni. Hamu ilikuwepo. Kilichomshinda ni kufika.

Nikaanza kutafuta. Karata hizo zimetoka kwenye duka la Windows, kwa hiyo sikuliona faili la .exe la kuburuta. Nilichofanya: Windows na R, nikaandika shell:AppsFolder. Ikafunguka folda yenye programu zote. Nikaitafuta Solitaire, bofya kulia, Create shortcut, ikanikubalia kuiweka kwenye desktopu.

Kisha Properties, sehemu ya Shortcut key. Ukibonyeza herufi hapo, Windows inaongeza Ctrl na Alt yenyewe, mfano Ctrl + Alt + K. Hizo ni vitufe 3 kwa pamoja, na baba hawezi. Nikajaribu kubonyeza F9 peke yake, ikakubali. Vitufe vya F vinaruhusiwa kusimama vyenyewe. Nikakata kipande cha utepe mwekundu nikakibandika juu ya F9.

Nikamwambia, "Baba, bonyeza palipo pekundu." Akabonyeza. Karata zikafunguka. Hakusema kitu, alivuta kiti karibu na meza.

Sasa anacheza kila siku. Kipanya tumekipunguzia kasi, na anaviburuta vikaratasi polepole kwa mkono wa kushoto. Daktari wa mazoezi ameniambia nimwache acheze atakavyo.

saa_moja_tu

Dada, asante sana kwa kutuletea hili. Swali moja: hiyo F9 haigongani na programu nyingine?

binti_wa_mzee

Inagongana, ndiyo. Windows inaichukua F9 popote ulipo, hata ukiwa ndani ya programu nyingine inayoitumia. Kwa baba si tatizo kwa sababu haitumii kingine chochote. Lakini usichague F5 kwenye kompyuta yako ya kazi, utashindwa kuonyesha upya kurasa. Na ikoni lazima ikae kwenye desktopu au kwenye menyu ya Start. Mara ya kwanza niliificha kwenye folda ya Documents ili desktopu ibaki safi, kitufe kikawa hakisikii.

mzee_wa_dos

Binti, Mungu amjalie mzee afya.

Mimi nacheza magemu ya miaka ya 1980 na 1990. Kwa kizazi chetu gemu lilifunguliwa kwa kuandika amri, na hadi leo DOSBox, programu ya kuchezea magemu hayo ya zamani, ukiifungua inakupa skrini nyeusi ikisubiri uiambie mount c na kadhalika. Nilikuwa nikiandika mistari 3 kila mara. Wajukuu wakija hawawezi, wananiita niwafungulie. Nikawatengenezea ikoni, na Target yake iko hivi:

"X:\DOSBox\DOSBox.exe" "X:\Magemu\PRINCE\PRINCE.EXE" -fullscreen -exit

Ukiipa DOSBox faili la gemu namna hiyo, yenyewe inaifanya folda ile kuwa C na kuliendesha. Neno -exit linaifunga DOSBox gemu linapoisha, mtoto harudishwi kwenye skrini nyeusi. Zingatieni alama za kufunga na kufungua. Njia yenye nafasi katikati ya maneno, bila alama hizo, inakatwa kwenye nafasi ya kwanza na kompyuta inatafuta kitu kisichokuwepo. Kanuni ni hiyohiyo kwa PPSSPP, programu ya kuchezea magemu ya PSP kwenye kompyuta: njia ya programu, kisha njia ya faili la gemu, kisha --fullscreen.

Mmeona X hapo mwanzoni? Ina historia. Magemu yangu yote yako kwenye diski ya nje. Zamani ilikuwa inaitwa E. Siku nikichomeka flashi kwanza, flashi inakuwa E na diski inakuwa F, na ikoni zote 40 zinakufa kwa pamoja. Nilizirekebisha moja moja mara 2 kabla ya kugundua kwamba ningeweza kuipa diski herufi ya kudumu. Disk Management, bofya kulia diski, Change Drive Letter and Paths. Chagueni herufi ya mwishomwisho ambayo hakuna flashi itakayoifikia.

mistari_minne

Shikamoo mzee. Hiyo ya herufi X naichukua leo.

Mimi sifungui gemu peke yake. Nafungua na programu ya kuongea na wenzangu, na ya kurekodi. Vitu 3, kila siku, kwa mpangilio uleule. Kwa hiyo niliandika faili dogo la .bat (orodha ya amri ambazo Windows inazitekeleza moja baada ya nyingine) kwenye Notepad:

@echo off
start "" "C:\Zana\kuongea.exe"
start "" "C:\Zana\kurekodi.exe"
timeout /t 5
start "" "steam://rungameid/570"

Zile alama mbili tupu baada ya start si mapambo. Amri ya start inalichukua neno la kwanza lililo ndani ya alama kuwa jina la dirisha. Ukiziacha, inafunguka skrini nyeusi yenye jina la gemu lako juu, na gemu halionekani. Nilikesha usiku mmoja kwa ajili ya hizo alama.

Faili la .bat halikubali kubandikwa kwenye upau wa chini moja kwa moja. Tengeneza njia ya mkato ya kawaida, kwenye Target tanguliza cmd /c (cmd ndiyo ile skrini nyeusi ya amri) kabla ya njia ya faili, hapo litabandikika. Na sehemu ya Run chagua Minimized, ili skrini nyeusi isijitokeze. Ikoni ibadilishe kwa Change Icon, uelekeze kwenye .exe ya gemu.

kipanya_kimya

Mkuu, mimi kuna gemu kila nikilifungua Windows inaniuliza kama naruhusu. Nimesikia watu wanauzima ulinzi huo wote. Ni sawa?

mistari_minne

Usiuzime kabisa. Ukiuzima umewafungulia mlango wote, si gemu lako tu. Fanya hivi: fungua Task Scheduler, tengeneza kazi mpya, ipe jina fupi, mfano Gemu, weka tiki kwenye Run with highest privileges, na kwenye Actions elekeza kwenye .exe. Halafu tengeneza njia ya mkato yenye Target hii: schtasks /run /tn "Gemu". Hilo moja litafunguka bila swali, mengine yote yataendelea kuulizwa. Lakini uwe unaliamini gemu lenyewe na unajua lilikotoka.

mlinzi_wa_flashi

Hapo kwenye kuamini ndipo nilipokuwa nasubiri pafike.

Wadau, ikoni ya njia ya mkato inaweza kubeba amri yoyote, si ya gemu tu. Na kiambishi chake cha .lnk Windows haikionyeshi hata ukiwa umeiambia ionyeshe viambishi vyote. Mwaka 2010 kirusi cha Stuxnet kilisambaa kwa flashi kwa kutumia udhaifu katika namna Windows ilivyokuwa ikisoma ikoni hizi. Kuiona folda tu kulitosha, bila kubofya. Udhaifu ule ulizibwa, lakini hila za kubofya zipo hadi leo.

Mimi nilipewa flashi yenye magemu. Nikaona folda zina kamshale kadogo pembeni. Folda haipaswi kuwa na mshale. Nilibofya hata hivyo, na tangu siku hiyo kila flashi niliyochomeka kwenye kompyuta yangu ilitoka na mishale. Picha za familia zilikuwemo kwenye mojawapo, nikaamini zimefutika. Hazikufutika, zilikuwa zimefichwa. Kwanza nilisafisha kompyuta kwa programu ya kuzuia virusi, kisha nikafungua cmd nikaandika:

attrib -h -s /s /d E:\*.*

E ni herufi ya flashi. Picha zikarudi zote.

Kwa hiyo ukipewa ikoni ya gemu na mtu, bofya kulia, Properties, soma Target kabla hujaifungua. Ukiona powershell (nayo ni ya kuendesha amri) au cmd na msururu wa herufi zisizoeleweka, ifute. Njia ya mkato itengeneze mwenyewe, ni sekunde chache.

pengwini

Kwa wa Linux, kwa kifupi: andika faili lenye kiambishi .desktop, liweke kwenye ~/.local/share/applications. Ndani mstari wa kwanza [Desktop Entry], halafu Type=Application, Name= jina, Exec= amri, Icon= picha, Terminal=false. Linatokea kwenye menyu kama programu nyingine yoyote, na Exec inakubali hata ile amri ya mzee_wa_dos, ukibadilisha njia tu.

saa_moja_tu

Narudi na mrejesho. Jana usiku nimeunganisha ya mistari_minne na ya dirisha_la_pili: faili la .bat, njia ya mkato yenye cmd /c, nimeibandika ya kwanza kushoto. Windows na 1. Kutoka kuwasha kompyuta hadi menyu ya gemu nimepima kwa simu, dakika 1 na sekunde 50. Mwanzo wa mwezi ilikuwa karibu dakika 7.

Mzee_wa_dos, naomba utuwekee na mipangilio yako ya kibodi kwa magemu yale, mwanangu ameiona PRINCE juu ya bega langu na anaitaka.