Jaji tuliyemchagua wenyewe

Kikundi: Ukoo wa Babu Shee

17:42 Ami Athman: [Ujumbe uliosambazwa mara nyingi] "WAKENYA TUAMKE!! Kesi ya bahari na Somalia, jaji WETU alikuwa Mfaransa, na ndiye aliyetuuza. Tuma kwa watu kumi kabla haujafutwa."

17:44 Ami Athman: Assalamu alaykum nyote. Hili limenikera tangu mchana. Nchi nzima hii tumekosa mtu hata tukachukue Mfaransa?

17:45 Swabra: Waalaykum salaam Ami. Niko na Babu hapa barazani, nimemsomea. Anauliza huyo Mfaransa ni nani na ana nini na bahari yetu.

17:51 Zuhura: Waalaykum salaam. Ami shikamoo, Babu shikamoo. Anaitwa Gilbert Guillaume, alikuwa jaji kwenye kesi ya mpaka wetu wa bahari na Somalia, katika Mahakama ya Kimataifa ya Haki kule Hague, Uholanzi. Ni kweli Kenya ndiyo iliyomteua. Hilo la kutuuza ni uzushi. Ami, nakuomba usiutume mbele ujumbe huo mpaka nimalize kuandika, naandika polepole niko kwenye matatu.

17:52 Ami Athman: Marahaba mwanangu. Nimeshautuma kikundi kimoja, lakini nakungoja.

17:53 Shangazi Nuru: Huko Hague si ndiko walikopelekwa kina Uhuru na Ruto?

17:58 Zuhura: Mji ni mmoja Shangazi, mahakama mbili. Ile yao ni ya jinai, inashitaki watu. Hii inaamua kesi za nchi na nchi, iko ndani ya Jumba la Amani, ina majaji 15 na kila mmoja hukaa miaka 9. Sasa sheria yake inasema hivi: kama nchi moja kwenye kesi ina raia wake kati ya wale 15, ile ya pili inaruhusiwa kuleta jaji wake wa kesi hiyo tu. Somalia ilikuwa na Abdulqawi Yusuf. Sisi hatukuwa na mtu, ndipo Kenya ikamteua Guillaume. Na si lazima awe raia wako.

17:59 Ami Athman: Si lazima, lakini si haramu pia. Tuna majaji hapa.

18:03 Zuhura: Hata mimi ningefurahi kumwona Mkenya kwenye kile kiti, Ami, na siku moja natamani niwe mimi. Lakini ukiangalia huyu ametoka wapi utaelewa kwa nini walimtaka. Amezaliwa 1930, Bois-Colombes, kando ya Paris. Akaingia kwenye Baraza la Serikali la Ufaransa, ambako raia hupeleka kesi zao dhidi ya serikali, akiwa kijana bado. Kuanzia 1979 hadi 1987 ndiye alikuwa mkuu wa mambo ya sheria kwenye Wizara ya Mambo ya Nje yao. 1987 jaji Mfaransa aliyekuwa Hague, Guy Ladreit de Lacharrière, akafariki, na Guillaume akachaguliwa kujaza nafasi. Akakaa mpaka 2005. Kuanzia 2000 mpaka 2003 alikuwa rais wa Mahakama nzima.

18:04 Salim: Yaani tulimpata aliyekuwa mkuu wao wote.

18:04 Zuhura: Naam kaka. Na alikuwa pia mwalimu. Mwaka 1989 alifundisha somo zima la ugaidi na sheria ya kimataifa kwenye Chuo cha Sheria ya Kimataifa cha pale Hague. Huwezi kusoma mambo haya ukamkwepa.

18:06 Swabra: Babu anasema tumngoje aswali magharibi kwanza, mambo yasiendelee bila yeye.

18:49 Swabra: Amerudi. Ametoa sauti, naiandika kama alivyosema: "Zuhura mjukuu wangu, umesema alikuwa mkubwa. Ukubwa nimeusikia. Mimi nauliza alipokaa pale kwa jina la Kenya alisema nini? Maana mimi nimevua Kiunga miaka arubaini, mpaka karibu na Ras Kamboni kule Somalia, na hakuna mtu aliyekuja kuniuliza mpaka uko wapi."

18:57 Zuhura: Babu, swali lako ndilo lenyewe. Alisema mara mbili, na kila mara kitu tofauti.

Somalia ilipeleka kesi Agosti 2014. Kenya ikajibu kwamba Mahakama haifai kuisikiliza, kwa sababu 2009 nchi mbili zilitia saini hati ya maelewano kuhusu namna ya kumaliza jambo hili. Februari 2017 majaji wengi wakakataa hoja hiyo. Guillaume akaandika maoni ya kuwapinga wenzake: yeye aliona ile hati ya 2009 ilikuwa njia ambayo pande zote mbili zilishaikubali, na ingeheshimiwa. Hapo alikuwa pamoja na Kenya.

Kisha ikaja Machi 2021, siku za kujitetea. Kenya haikwenda. Unakumbuka Babu, redioni walisema tumesusia. Mawakili wetu hawakusimama, lakini yeye aliendelea kuwa jaji wa kesi hiyo.

Oktoba 12, 2021, hukumu. Hoja kubwa ya Kenya ilikuwa kwamba mpaka unakwenda baharini mstari ulionyooka kuelekea mashariki, sambamba na latitudo, na kwamba Somalia ilinyamaza miaka mingi kama aliyeridhia. Majaji wote wakasema makubaliano hayo hayakuwahi kuwepo. Wote, bila hata mmoja kubaki nyuma. Na Guillaume ni mmoja wao. Alikuwa na miaka 90.

18:58 Ami Athman: Basi si ndiyo kutuuza huko!

18:59 Shangazi Nuru: Athman, mwache mtoto amalize.

19:00 Ami Athman: Dada, mtu umempa kiti chako, anakugeuka mbele ya watu?

19:09 Zuhura: Ami, nisikilize kwa hili moja, kwa sababu mimi ndilo lililonifanya nimpende huyu mzee. 2008 kulikuwa na kesi ya Djibouti dhidi ya Ufaransa. Jaji Mfaransa Bernard Borrel alikuwa amekufa Djibouti mwaka 1995, na mafaili ya uchunguzi yakawa na mvutano. Djibouti iliyaomba, Ufaransa ikakataa bila kutoa sababu za maana. Kesi ikafika Hague. Raia wa Ufaransa aliyekuwa kati ya majaji 15, Ronny Abraham, alijiondoa. Ufaransa ikamteua nani? Guillaume. Nchi yake mwenyewe, wizara aliyoitumikia miaka 8. Na Juni 2008 Mahakama ikasema kwa sauti moja kwamba Ufaransa ilikosea kutotoa sababu. Madai mengine ya Djibouti yalikataliwa, lakini hilo moja Ufaransa ilikosa, na kura yake imo humo.

Sasa wewe ungetaka mtu aliyeipigia kura ya kosa nchi iliyomzaa, halafu aifanyie Kenya upendeleo?

19:10 Zuhura: Na unajua Djibouti ilimteua nani kesi ile? Abdulqawi Yusuf. Yule yule Msomali. Wazee hawa wawili walikaa meza moja 2008 na wakakaa tena kwenye kesi yetu.

19:14 Swabra: Babu: "Hapa sisi tukigombania nyavu kila mtu huja na mzee wake. Mimi niliwahi kumchukua marehemu nahodha wangu, tukafika, akasema Shee ndiye aliyetega jarife juu ya la mwenziwe. Nilikasirika, sikumsemesha mpaka kusi ikaisha. Mwaka wa pili nikagombana tena nikamfuata yeye yeye, na safari ile nikashinda, kwa kuwa kila mtu alijua huyu hasemi kwa kupendelea."

19:15 Ami Athman: Babu naye amehamia upande wa Zuhura 😅

19:20 Furaha: Habari za jioni wote. Mimi huwa nasoma tu, lakini huyu mtu nitasema neno. Kwetu Bukavu, Kongo, tunamjua kwa jambo lingine. Mwaka 2000 Ubelgiji ilitoa hati ya kumkamata Yerodia Ndombasi, waziri wetu wa mambo ya nje, kwa maneno aliyosema 1998 ya kuchochea watu wauawe. Kongo ikaishitaki Ubelgiji. Februari 14, 2002, Guillaume akiwa rais, Mahakama ikasema waziri akiwa kazini ana kinga, kura 13 kwa 3, na Ubelgiji ifute hati, kura 10 kwa 6. Na yeye akaongeza maoni yake kwamba nchi haiwezi kujipa kazi ya kumhukumu mtu yeyote popote bila kuwa na uhusiano na kosa lenyewe. Baba yangu alizima redio siku hiyo akatoka nje.

19:22 Zuhura: Wifi, pole sana. Siwezi kukuambia babako alikosea kusikia uchungu. Mahakama haikusema Yerodia hana hatia, ilisema tu si Ubelgiji na si wakati ule. Lakini kwa mtu aliyepoteza ndugu, tofauti hiyo ni ndogo mno. Hapo hata mimi sikubaliani na Guillaume. Miaka yote aliyokuwa wakili wa serikali inaonekana pale: anaogopa dola kuvurugana kuliko anavyoogopa mkosaji kuponyoka.

19:23 Furaha: Asante kwa kusema hivyo.

19:25 Salim: Zuhura, turudi baharini kidogo. Kama majaji wote walikataa mstari wetu, mbona ramani ya hukumu haifanani na ya Somalia?

19:34 Zuhura: Swali zuri. Somalia ilitaka mstari wa katikati kabisa, ulio sawa kutoka pwani zote mbili. Mahakama ikauchora huo kwanza, kisha ikatazama pwani nzima kuanzia Somalia, Kenya mpaka Tanzania. Pwani inaingia ndani kama upinde, na Pemba imesimama kusini. Kenya ikawa inabanwa katikati, kila ikienda mbali maji yanapungua. Kwa hiyo wakausukuma mstari kaskazini, upande wetu ukapata nafuu. Kura 10 kwa 4, na Guillaume alikuwa kati ya wale 10. Waliokataa kuusogeza ni pamoja na Yusuf, na huyo Mfaransa mwingine, Abraham. Wafaransa wawili kwenye benchi moja, kila mmoja na lake.

19:36 Ami Athman: Kwa hiyo pale ulipokuwa na haki alikupa, na pale usipokuwa nayo hakukupa.

19:37 Zuhura: Kwa anavyoona yeye, ndiyo Ami. Serikali yetu ilisema haiutambui uamuzi, hiyo ni habari nyingine. Ila yeye usimwite muuzaji.

19:38 Shangazi Nuru: Na huyo mzee alilipwa na Kenya?

19:40 Zuhura: Hapana Shangazi. Jaji wa kesi moja hulipwa na Mahakama, na kabla ya kuanza hula kiapo kama wale 15. Kenya ilichagua jina tu. Nicaragua ilimchagua, Peru ilimchagua, zote kwa kesi zao za mipaka na mto na bahari. Sasa angekuwa ni mtu wa kununuliwa, ya pili isingemwita.

19:46 Ami Athman: Nimefuta ujumbe hapa. Kile kikundi kingine nilichotuma ni cha msikiti, watu mia mbili na zaidi. Nimewaandikia kwamba nilitanguliza kabla ya kuuliza na kwamba binti yetu anayesoma sheria amenielekeza. Imamu ameuliza kama Zuhura anaweza kuja kueleza siku ya darsa akija likizo.

19:47 Zuhura: Ami!! Mimi nitasema nini mbele ya wazee?

19:47 Ami Athman: Utasema haya haya.

19:51 Swabra: Babu: "Akija aje na ile ramani yenye mstari mpya, kubwa, ya kutundika. Mimi nitamwonyesha mahali pa kutega na mahali pa kugeuza mashua, na yeye anionyeshe majaji walipita wapi."

19:52 Swabra: Na anauliza kama huyo mzee Guillaume aliwahi kuiona bahari ya Kiunga kwa macho yake.

19:54 Zuhura: Mwambie Babu nitakuja na ramani. Nimeshuka matatu, naenda kuichapisha sasa hivi kabla duka halijafungwa.