Baba ameacha namba saba za Zaburi katika daftari, na ukoo umezisoma kama shutuma: naomba ushauri kabla ya misa ya arobaini

Mwana wa Kibirizi (Kigoma)

Wapendwa, nawasalimu. Naandika nikiwa Kigoma, nyumbani kwa marehemu baba yangu, ambaye alikuwa katekista wa kigango chetu tangu ujana wake hadi miguu ilipomkatalia. Mafunzo yake aliyapata mwanzoni mwa miaka ya 1960 kwa Mapadre Weupe, na mambo mengi aliyojifunza kwao aliyaandika katika kaunta buku moja ambalo hakuna aliyeruhusiwa kuligusa.

Baada ya mazishi tulilifungua. Katika ukurasa wa mwisho ameandika kwa wino wa bluu: "Arobaini yangu. 6, 31, 37, 50, 101, 129, 142." Chini ya 129 amepiga mistari miwili, na pembeni yake ameongeza: "Polepole, bila ngoma." Hakuna maneno mengine.

Shangazi yangu mkubwa aliichukua Biblia akaanza kusoma mbele ya watu waliokuwa bado matangani, na hapo ndipo balaa lilipoanza. Zaburi ya 37 inamwambia mtu asihangaike kwa sababu ya watenda mabaya. Ya 50 inamkemea mtu anayeketi na kumsengenya ndugu yake na kumsingizia mwana wa mama yake. Ya 101 inamtaja anayemsingizia jirani yake kwa siri. Alipofika ya 129, inayozungumza juu ya wakulima waliolima mgongoni mwa mtu na kuacha mifuo mirefu, alifunga kitabu akamtazama baba mdogo. Lazima niwaeleze kwamba baba na baba mdogo, waliozaliwa tumbo moja, walikuwa na ugomvi wa muda mrefu juu ya mpaka wa shamba la michikichi. Tangu siku ile baba mdogo hajakanyaga uani kwetu, na shangazi anashikilia kwamba marehemu ameacha hukumu, nayo ni lazima isomwe kanisani.

Kaka yangu, ambaye siku hizi anasali kwa Wapentekoste, anasema jambo zima liachwe. Mimi ndiye mwalimu wa kwaya, kwa hiyo macho yote yananitazama mimi. Zimebaki siku kumi na sita. Je, niziimbe zaburi hizi, nizisome tu, au nilifungie daftari kabatini?

Mnyanyembe Mstaafu (Tabora)

Pole sana kwa msiba, ndugu yangu. Kabla hujafanya lolote, mwombe shangazi aifunge Biblia hiyo, kwa sababu amesoma zaburi ambazo baba yako hakuzitaja.

Nilisoma seminari ya Kipalapala kwa miaka kadhaa kabla sijaiacha njia ile na kuoa, na nilipoziona namba zako nilizitambua mara moja. Hizo ni Zaburi saba za Toba, zikiwa zimehesabiwa kwa mtindo wa Kilatini. Waliotafsiri Zaburi kwa Kigiriki zamani waliziunganisha ya 9 na ya 10 zikawa moja, na Biblia ya Kilatini ikaifuata hesabu hiyo, hivyo kuanzia hapo sehemu kubwa ya kitabu iko nyuma kwa namba moja ukilinganisha na hesabu ya Kiebrania inayotumiwa na Biblia zetu nyingi za Kiswahili. Ya 6 inabaki ya 6 kwa kuwa iko kabla ya tofauti hiyo kuanza. Nyingine zote ziongezee moja: 32, 38, 51, 102, 130 na 143. Baba yako alifundishwa wakati ambapo mapadre walisali kwa vitabu vya Kilatini, na akazikariri namba jinsi alivyozipokea.

Sasa zisome hizo, uone kama kuna mahali mtu anamshutumu ndugu yake. Ya 51 ina kichwa kinachosema ni ya Daudi, baada ya nabii Nathani kumwendea kwa ajili ya Bathsheba. Mfalme anajishtaki mwenyewe, na hamshutumu mtu mwingine hata kwa kudokeza. Ya 32 inasema, "Niliponyamaza mifupa yangu ilichakaa." Ya 38 ni ya mgonjwa ambaye rafiki zake wamesimama mbali naye. Ya 102 ni ya mtu ambaye siku zake zinatoweka kama moshi. Ni kweli kwamba maadui wanatajwa humo, hasa katika ya 38 na ya 143, lakini mwenye kuomba anaanza na kasoro yake.

Hesabu hii ya saba ni ya kale. Cassiodorus, aliyeandika ufafanuzi wa Zaburi katika karne ya 6, tayari anazitaja kama kundi moja. Kabla yake, Mtakatifu Agostino alipokuwa anakufa mjini Hippo mwaka 430, aliagiza zaburi chache za toba ziandikwe na kubandikwa ukutani, akawa anazisoma kutoka kitandani huku akilia. Breviari, yaani kitabu cha sala za kila siku za mapadre, iliyotolewa mwaka 1568, wakati wa Papa Pio wa Tano, iliziweka zote saba katika Ijumaa za Kwaresima. Leo hii ya 51 inasaliwa kila Ijumaa katika Masifu ya Asubuhi, na ndiyo wimbo wa katikati wa Jumatano ya Majivu. Katika Sala ya Marehemu, ya 51 iko asubuhi na ya 130 iko jioni. Kwa hiyo baba yako hakuwa na jambo la siri. Aliomba kile ambacho Kanisa limewafanyia wafu wake kwa karne nyingi.

Mwana wa Kibirizi (Kigoma)

Nimeisoma hii nikiwa nimesimama, nikalazimika kukaa. Zaburi 130 ni ile ya "Ee BWANA, toka vilindini nimekulilia." Baba alikuwa akiimba kitu kama hicho kwa sauti ya chini kila tulipomsindikiza marehemu makaburini, nami nilidhani ni wimbo wa wazee tu. Nashukuru, mzee wangu.

Hata hivyo, bado nina pingamizi la kaka. Anasema marehemu hawezi kutubu, na kuimba nyimbo za toba juu yake ni kumtangaza kwamba amekufa katika dhambi. Shangazi mdogo naye, nilipomweleza haya, amelishika hilo hilo: "Tumemaliza kumshutumu baba yako mdogo, sasa tumshutumu baba yako?"

Mama wa Urambo (Tabora)

Mwanangu, mimi ni Mmoravian, na kwetu hatuwaombei marehemu, kwa hiyo namwelewa kaka yako vizuri. Lakini mweleze kwamba zaburi hizi si mali ya Wakatoliki peke yao. Kitabu cha kwanza ambacho Martin Luther, mwanzilishi wa Uprotestanti, alikichapisha kwa jina lake, mwaka 1517, kilikuwa tafsiri na maelezo ya zaburi hizi saba kwa Kijerumani, nacho kilitoka miezi kadhaa kabla ya zile hoja zake tisini na tano. Baadaye aliigeuza Zaburi 130 kuwa wimbo wa ibada, ukachapishwa mwaka 1524. Mwaka 1546 mwili wake ulipopitishwa mjini Halle ukirudishwa Wittenberg, watu waliuimba wimbo huo huo huku wakilia. Je, walikuwa wakimwombea toba baada ya kufa? Wasingethubutu. Walikuwa wakijiimbia wenyewe, kwa kuwa wao ndio waliokuwa wamebaki vilindini.

Kuhusu shangazi mdogo, mkumbushe jinsi zaburi hii inavyoendelea: kama Bwana angehesabu maovu, nani angesimama? Hakuna anayetangazwa hapo peke yake. Na ukitazama kichwa chake, utaona ni wimbo wa kupanda, mojawapo ya zile kumi na tano, kuanzia 120 hadi 134, ambazo kwa mapokeo zinahusishwa na mahujaji waliopanda Yerusalemu. Ni wimbo wa watu walio njiani pamoja, nao unamalizika kwa kuitaja Israeli yote.

Mwanglikana wa Kasulu (Kigoma)

Naongeza kwa ufupi tu. Kitabu cha Sala cha Kianglikana cha mwaka 1662 kimezipanga zaburi hizi katika Jumatano ya Majivu: 6, 32 na 38 asubuhi, 102, 130 na 143 jioni, na ya 51 katika ibada ya peke yake siku hiyo hiyo. Hivyo katika ukoo wenu wa madhehebu mchanganyiko, huenda hizi ndizo zaburi ambazo wote mnaweza kuzisema bila mtu kujihisi mgeni.

Mlokole Mtulivu (Kigoma)

Naomba nisimame upande wa kaka, kwa sababu naona anaelekea kushindwa bila kusikilizwa. Hatuna ugomvi na zaburi. Mtume Paulo mwenyewe ananukuu ya 32 katika Warumi sura ya 4, na ya 51 katika sura ya 3. Ugomvi wetu ni pale zaburi inapogeuzwa kuwa kitu kinachodhaniwa kumfanyia kazi mtu aliyekwisha kuvuka. Msimlazimishe kuitikia maombi asiyoyaamini, lakini mpeni nafasi ya kuimba 130 kama maombi yake yeye aliye hai. Mimi ningeiimba, kisha wakati wa maombi ya marehemu ningekaa kimya kwa heshima.

Kijana wa Ujiji (Kigoma)

Mimi ni Mwislamu, na Zaburi ya Nabii Daudi tunaiamini kuwa kitabu kilichoteremshwa, ingawa mambo ya namba na nyimbo nawaachia wenyewe. Nina neno moja tu juu ya ukoo. Baba mdogo alitazamwa kwa jicho la tuhuma mbele ya watu waliokuja matangani, na wengi wao walirudi majumbani kwao na habari hiyo. Ukimwendea usiku ukamnong'oneza kwamba namba zilisomwa vibaya, utakuwa umemsafisha mbele yako wewe peke yako. Nenda kwake kwanza, ndiyo, tena uende na daftari lenyewe, lakini shangazi aliyesoma hadharani aseme hadharani kwamba alikosea. Tunazungumza habari za toba, na mimi naona hapo ndipo pa kuanzia.

Mwalimu wa Sauti ya Nne (Tabora)

Wenzangu wamemaliza teolojia, nami nakupa ya ufundi, kwa kuwa siku kumi na sita si nyingi. Usijaribu kuimba zote saba. Ya 38, ya 51 na ya 102 ni ndefu, na watu waliokaa juani chini ya turubai watakuchukia pamoja na marehemu wako. Imba 51 mwanzoni kwa beti chache ulizochagua, na 130 mwishoni yote, maana ina mistari minane tu. Nyingine ziweke kwenye mkesha, zisomwe kwa zamu na wajukuu.

Agizo la "polepole" lisikudanganye. Kwaya zetu zikiambiwa polepole huburuta, na sauti ya kwanza inashuka nusu nota kila ubeti hadi besi wanaishia kukoroma. Polepole maana yake ni kupumua kati ya nusu mbili za mstari. Zaburi imejengwa kwa nusu mbili, ya pili ikiijibu ya kwanza, kwa hiyo simamisha kwaya pande mbili zikijibizana. Ukitaka ladha zaidi, fuata ujanja ulio katika Miserere ya Allegri, ile Zaburi 51 iliyotungwa karne ya 17 kwa ajili ya kanisa dogo la Sistina, ambayo Mozart anasimuliwa kuwa aliisikia Roma mwaka 1770 akiwa na miaka 14, akaiandika kwa kumbukumbu. Mle ubeti mmoja unaimbwa kwa sauti nyingi na unaofuata kwa sauti moja tupu. Waimbaji wako wanaliweza hilo bila kinanda, na vijana watakaolilia ngoma watapata kazi ya kutosha katika zile beti za sauti nne.

Mwana wa Kibirizi (Kigoma)

Narudi kuwapa mrejesho, kwa kuwa mmenisaidia kuliko mnavyojua.

Jumapili nilikwenda kwa baba mdogo na kaunta buku likiwa ndani ya mfuko wa rambo. Nilimwonyesha ukurasa, kisha nikamsomea 130 kutoka kwenye Biblia. Hakusema kitu kwa muda mrefu. Aliipitisha kidole ile mistari miwili ya wino, akauliza kama baba aliipiga kwa rula au kwa mkono. Nikamwambia ni kwa mkono, imepinda. Akasema, "Basi alikuwa amekwisha kuanza kutetemeka." Kisha akaniomba nirudie pale panaposema nafsi inamngoja Bwana kuliko walinzi wanavyoingoja asubuhi. Yeye amevua dagaa katika ziwa hili tangu akiwa kijana, na akanieleza kwamba ukiwa umekaa usiku kucha na taa juu ya maji ambayo hayana mwisho chini yako, asubuhi huingoji kwa macho tu, unaingoja kwa mgongo na kwa mikono.

Kaka amekubali kusimama nasi katika 130, kwa masharti yale yale aliyoyaeleza Mlokole Mtulivu. Shangazi mkubwa amekiri kwangu kwamba alikosea, lakini kusema mbele ya watu bado hajakubali. Anasema kosa ni la Walatini na si lake. Nimempa nakala ya Zaburi 32 na sijamwongezea neno.

Mazoezi yameanza jana. Pande ni mbili kama mlivyoshauri, na upande wa kushoto unaongozwa na baba mdogo, ambaye sauti yake ni mbovu ila hapumui mahali pasipo pake.